Maji Chini ya Ukuta: Mto wa Mbu na Watu Wake

Anayetoka Arusha kwenda Ngorongoro huiacha barabara ya Dodoma pale Makuyuni na kukata kulia, kuelekea ukuta wa Bonde la Ufa. Mpaka hapo macho yake yameshazoea nchi kavu: migunga iliyotawanyika, vumbi linalotimuliwa na makundi ya ng'ombe, maboma ya Wamasai yaliyoachana mbali, na uwanda unaokwenda hadi jicho linapochoka. Kilomita zisizofika 40 baadaye, ukuta ukiwa umeshaziba anga la magharibi, nchi hubadilika ghafla. Migomba inasimama pande zote mbili za lami, mifereji inapita kati ya nyumba, majaruba ya mpunga yanachungulia nyuma ya maduka, na watu ni wengi kuliko wote aliowaona njiani tangu Arusha. Hapa ni Mto wa Mbu, mji mdogo wa Wilaya ya Monduli. Waongozaji wa watalii huusifu kwa mambo mawili, ndizi nyekundu na makabila 120. Juu ya ndizi sina ubishi. Hilo la makabila, kwa jinsi linavyosimuliwa, naona linaficha mengi kuliko linavyoeleza. Watu wa asili nyingi hawakukusanyika hapa kwa bahati, wala kwa ukarimu wa kipekee wa mahali. Walikusanyika kwa sababu palikuwa na kipande cha ardhi chenye maji katikati ya nchi kavu, na majirani wenye nguvu ya kukitwaa hawakukihitaji kwa jembe.

Tuanze na maji, maana mvua inayonyesha bondeni haitoshi kueleza ukijani huu. Juu ya ukuta, upande wa Karatu na nyanda za juu za Ngorongoro, mawingu hukwama milimani na kumwaga mvua nyingi kuliko huku chini. Miamba ya kule ni ya volkano, yenye matundu na nyufa, kwa hiyo sehemu ya mvua hiyo huzama ardhini, ikasafiri chini kwa chini, ikaja kutoka kama chemchemi kwenye nyayo za ukuta. Ushahidi ulio wazi kuliko wote uko kwenye lango la Hifadhi ya Taifa ya Ziwa Manyara, jirani kabisa na mji. Pale kuna msitu mnene wa mikuyu na miti mingine mirefu, msitu ambao mtu angeutarajia kwenye mvua za milimani. Hauishi kwa mvua bali kwa maji yanayochuruzika kutoka chini ya miamba. Mji umekalia maji ya aina hiyo hiyo, pamoja na yale yanayoletwa na mito mifupi inayoshuka kutoka juu, kama Kirurumo. Sasa tazama upande wa pili. Ziwa Manyara liko kwenye beseni lisilo na mlango wa kutokea; maji yakishaingia hayana njia nyingine ila kupanda angani kama mvuke na kuacha chumvi nyuma. Ni ziwa la magadi, lenye kina kifupi, linalotanuka miaka ya mvua na kunywea miaka ya kiangazi hadi kuacha tambarare nyeupe. Maji matamu yanayotoka chini ya ukuta yana safari fupi sana kabla ya kuingia kwenye magadi yasiyootesha mpunga wala mgomba. Mji wote, mashamba yake na karibu watu wake wote, wamebanwa ndani ya safari hiyo fupi.

Jiografia hiyo ndiyo ya kuisoma kwanza kabla ya kuhesabu watu, na hesabu yenyewe ina matata yake. Tanzania iliacha kuuliza kabila katika sensa. Mara ya mwisho swali hilo kuulizwa ilikuwa mwaka 1967. Basi hakuna daftari la serikali ambalo mtu anaweza kulifungua leo akasema Mto wa Mbu kuna makabila 120, au 90, au 40. Isitoshe, 120 ni namba ile ile inayotajwa tunapozungumzia makabila ya nchi nzima. Ili iwe kweli, ingebidi kila jamii ya Tanzania, hata zile ndogo zenye watu elfu chache tu, iwe imetuma mwakilishi wake chini ya ukuta huu. Mimi naichukulia kama namba ya sifa, ya aina ambayo mji hujipamba nayo mbele ya wageni, na sioni dhambi ndani yake. Ajabu ni kwamba majirani wa mji huo, tembo wa Manyara, walipata bahati ya kuhesabiwa vizuri zaidi: katika miaka ya 1960 mtafiti Iain Douglas-Hamilton aliwatambua mmoja mmoja kwa alama za masikio yao. Binadamu wa upande wa pili wa lango wamebaki na namba ya kukadiria.

Namba tunazoweza kuziamini ni za ngazi ya wilaya. Sensa ya mwaka 2012 ilikuta watu 158,929 Monduli. Ile ya 2022 ikakuta 227,585. Hilo ni ongezeko la watu 68,656 ndani ya miaka kumi, yaani asilimia 43. Katika muda huo huo Mkoa wa Arusha ulitoka watu 1,694,310 hadi 2,356,255, ongezeko la asilimia 39, na taifa zima likatoka 44,928,923 hadi 61,741,120, asilimia 37. Kwa hiyo wilaya ambayo sehemu yake kubwa ni malisho makavu inaongeza watu kwa kasi kuliko mkoa wenye jiji la Arusha ndani yake. Ukigawanya watu hao kwa eneo la wilaya, lenye zaidi ya kilomita za mraba 6,000, utapata kama watu 35 kwa kila kilomita ya mraba, wastani usiomwambia mtu chochote, kwa kuwa hakuna mahali Monduli watu walipojipanga kwa wastani. Kwenye uwanda wa Makuyuni unaweza kutembea muda mrefu bila kukuta paa. Mto wa Mbu nyumba zinagusana. Tena sensa zote mbili zilifanyika Agosti, na utaratibu wake ni kumhesabu mtu pale alipolala usiku wa kuamkia siku ya sensa. Agosti ni kiangazi, wafugaji wako mbali na maboma yao wakifuata malisho, na ni msimu wa watalii, nyumba za wageni zimejaa madereva na wapishi wa kambi. Mji kama huu hesabu yake hupanda na kushuka kwa majira, na takwimu ya usiku mmoja haiwezi kulionesha hilo.

Wakaaji wenyewe walitoka wapi? Mto wa Mbu wa miaka ya mwanzo ya karne iliyopita ulikuwa kinamasi na pori ambalo Wamasai walilitumia kwa maji na malisho ya kiangazi. Wakulima walianza kuingia kwa idadi ya kuonekana miaka ya 1920, na baada yao wakaja wengine: Warangi kutoka Kondoa, Wambugwe kutoka kusini ya ziwa, Wairaqw kutoka juu ya ukuta, kisha Wanyaturu, Wasandawe, Wachaga, Wameru, Waarusha, hata Waha kutoka Kigoma. Kinachonivutia ni kile ambacho hakikuwapo. Miji mingi ya bara yenye watu mchanganyiko inaeleweka kirahisi kwa chanzo chake: Tabora na Ujiji ilikuwa vituo vya misafara, Morogoro na Dodoma ikakuzwa na reli na boma la serikali, na penye mashamba makubwa ya mkonge vibarua waliletwa kutoka mikoa ya mbali. Mto wa Mbu hauna kituo cha reli wala mgodi, na boma la wilaya liko Monduli. Hakuna mkono uliowaita watu hawa na kuwapanga. Walikuja kaya kwa kaya, wakafyeka, wakachimba mfereji, wakapanda.

Na waliweza kufanya hivyo kwa sababu hawakukuta mkulima mwenyeji wa kumwomba shamba. Mfugaji wa Kimasai alikuwa na kila sababu ya kutokikalia kinamasi mwaka mzima. Kwato za ng'ombe huoza kwenye matope, mbung'o waliua mifugo, na malaria, inayoenezwa na mbu walioupa mji jina, iliua watu. Kile ambacho leo tunakitaja kama kero ndicho kilichokuwa ngome ya ardhi hii. Mbu waliiweka wazi kwa yeyote aliyekuwa tayari kuhatarisha afya yake ili apate shamba lenye maji, na waliokuwa tayari ni wale waliokuwa na ardhi finyu au kavu makwao. Hao hawakuwa kabila moja. Walikuwa watu wa hali moja. Mwanaanthropolojia William Arens, aliyeishi hapa kwa utafiti mwishoni mwa miaka ya 1960 na kuchapisha kitabu juu ya mji huu mwaka 1979, alikuta jambo ambalo msomaji wa pwani lazima litamshtua kidogo: wakazi hawa, karibu wote wakiwa hawajawahi kuiona bahari, walijulikana kwa Wamasai kama Waswahili, na wenyewe wakaikubali sifa hiyo. Hawakuwa na babu mmoja wala mila moja. Walichokuwa nacho ni jembe, mfereji wa pamoja, lugha ya kuelewana kwenye mfereji huo, na jirani mfugaji aliyewaona wote kuwa watu wa namna moja. Hata ramani inaonesha mpaka huo. Ndani ya eneo lenye maji mitaa na vijiji vinaitwa Majengo, Migombani, Migungani, Barabarani. Ukitoka tu, unakutana na Esilalei, Losirwa na Selela.

Mtu makini atanipinga hapa kwa kunielekeza kaskazini. Ukifuata nyayo za ukuta huo huo utafika Engaruka, penye magofu ya vijiji na mifereji ya mawe ya kumwagilia iliyojengwa, kwa mujibu wa wanaakiolojia, kati ya karne ya 15 na ya 18. Mashamba yake yalikuwa na ukubwa wa hekta zipatazo 2,000. Louis Leakey alipopachimba mwaka 1935 alikisia kwamba waliishi watu 30,000 hadi 40,000. Watafiti waliofuata wameipunguza sana hesabu hiyo hadi maelfu machache. Haidhuru namba. Palikuwa na maji, palikuwa na ustadi mkubwa wa kilimo, na bado pakahamwa kabisa. Zaidi ya hapo, huko mbele karibu na Loliondo, wako Wasonjo, wamwagiliaji hodari ambao Robert Gray aliwaandikia kitabu mwaka 1963, na huko maji hayakuzaa mji wa mchanganyiko hata kidogo. Je, haya mawili hayaibomoi hoja ya maji?

Naona yanainoa. Kwa Wasonjo chemchemi zilikuwa mikononi mwa baraza la wazee lililogawa zamu za maji kwa haki za ukoo na malipo. Mgeni hakuwa na mlango wa kuingilia. Maji yenye mwenyewe huzaa jamii moja iliyofungamana. Maji ambayo hayajapata mwenyewe huita kila mtu. Ndiyo maana sikusema maji peke yake, nilisema maji ambayo wenye nguvu hawakuyahitaji kwa jembe. Engaruka nayo inatoa onyo ambalo wapanga mipango wa Monduli wanapaswa kulifanyia kazi. Sababu za kuhamwa kwake bado zinabishaniwa, lakini kupungua kwa maji ni miongoni mwa zinazotajwa mara nyingi, na hakuna anayebisha kwamba kilimo kile kisingeweza kuendelea siku moja bila mto wake. Jamii iliyojengwa juu ya chemchemi haina pa kukimbilia chemchemi ikidhoofika, hata ingekuwa na mafundi wa mifereji waliotukuka.

Pingamizi la pili ni la barabara na utalii, na hili ndilo ninalolisikia likisemwa kwa uhakika mkubwa kuliko ushahidi wake. Hifadhi ya Ngorongoro ilianzishwa mwaka 1959, ya Manyara mwaka 1960, na mwanzoni mwa miaka ya 2000 lami ikawekwa kutoka Makuyuni hadi lango la Ngorongoro kwa msaada wa Japani. Leo karibu kila gari la watalii linaloelekea Ngorongoro na Serengeti kutoka Arusha hupita katikati ya mji huu. Maduka ya vinyago, hoteli, kambi, gereji, mama lishe, vijana wa bodaboda, wote wanakula kutokana na barabara hiyo. Kukanusha hilo ni upuuzi. Lakini Makuyuni nayo iko kwenye lami, tena kwenye njia panda ya magari yote ya Ngorongoro na ya Dodoma. Kama lami ingekuwa ndiyo mama wa mji, Makuyuni ingekuwa kubwa kuliko Mto wa Mbu. Haiko hivyo, kwa sababu haina chemchemi. Barabara iliukuta mji, ikaunenepesha. Na wanaodai kwamba mchanganyiko ulitokana na siasa ya Ujamaa wanajibiwa kwa mpangilio wa miaka tu: Operesheni Vijiji ilifanyika kati ya 1973 na 1976, wakati Arens alikuwa ameshaukuta mchanganyiko huo umekomaa, una misikiti, makanisa na wajukuu.

Ikiwa hoja ya maji na ardhi isiyo na mwenyewe ni ya kweli, basi nusu yake ya pili imeshakwisha. Leo hakuna ardhi isiyotakiwa pale. Magharibi ni ukuta, kusini ni hifadhi na ziwa, mashariki na kaskazini ni malisho ya vijiji vya wafugaji, na katikati ya malisho hayo zinapita njia za wanyama wanaohama kutoka Manyara kuelekea Selela na mbele zaidi. Mji hauwezi kutanuka kwa upande wowote bila kugombana na mtu au na tembo. Kwa hiyo watu wanaoongezeka wanaongezeka kwa ndani: shamba la babu linagawanywa kwa wana, jaruba linageuzwa kiwanja, kiwanja kinajengwa nyumba ya wageni. Hapo ndipo makabila mengi yanapoacha kuwa simulizi ya watalii na kuwa suala la utawala. Hakuna ukoo wenye heshima ya kale ya kusema zamu ya maji ni ya nani, na mwenye mpunga anahitaji maji mengi kwa miezi michache wakati mwenye migomba anayahitaji kidogo kidogo mwaka mzima. Anayekaa karibu na banio ana nguvu ambayo aliye mwisho wa mfereji hana. Mpaka sasa mambo yamekwenda kwa kamati za umwagiliaji na kwa kujuana, jambo la kusifiwa, lakini kujuana hupungua kadiri watu wanavyoongezeka.

Shida nyingine inatoka juu. Ardhi ya Karatu na Mbulu imelimwa hadi kwenye miteremko, na mvua kubwa ikinyesha huko udongo hushuka na mito hadi bondeni. Sehemu yake huziba mifereji, sehemu huinua vitanda vya mito, na masika yakizidi maji huingia mjini, kisha udongo uliobaki huishia ziwani na kulifanya liwe la kina kifupi zaidi. Wengine husema mafuriko hayo ni ya kawaida kwa mji uliojengwa kwenye kinamasi. Ni kweli kwa nusu. Kinamasi cha zamani kilikuwa na nafasi ya kuyapokea maji na kuyatuliza. Kinamasi kilichojengwa maduka hakina. Na mtu wa Mto wa Mbu hana mamlaka juu ya mkulima wa Karatu, ambaye yuko wilaya nyingine na anayetafuta riziki kama yeye. Mipaka yetu ya utawala inafuata barabara na historia, wakati maji yanafuata mteremko.

Kisheria Mto wa Mbu ni mamlaka ya mji mdogo, ngazi iliyowekwa na Sheria ya Serikali za Mitaa ya mwaka 1982 chini ya halmashauri ya wilaya: umevuka hadhi ya kijiji ila haujafika kuwa na halmashauri yake. Wako wanaoamini dawa ni kuupandisha hadhi. Mimi sidhani kwamba hilo ndilo la kwanza, kwa sababu cheo kipya huja na kiu ya kupima viwanja, na kupima viwanja katika ardhi ya namna hii bila kujua maji yanapita wapi ni kuuza mfereji wa jirani. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 tayari inakataza shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka chanzo cha maji; ikitekelezwa Mto wa Mbu kwa maana yake halisi, sehemu za mji zingelazimika kusogea. Halmashauri ya Monduli, kwa kushirikiana na Karatu, ianze kwa kuchora ramani ya chemchemi zote, mabanio na mifereji, iitangaze hadharani mpaka kila mwenye jaruba aijue, na isipitishe kiwanja kingine chochote chini ya ukuta ule kabla ramani hiyo haijakamilika.